Hukumu Isomwe Mpaka Mwisho

"Shikamoo mama."

Rukaya aliitoa shikamoo hiyo mbele ya watu wote waliojaa barazani pa Mahakama ya Wilaya, Singida mjini, na kila aliyeisikia aligeuka kuona kama itapokewa. Mboni alikuwa amekaa kwenye benchi, upande wa mwanawe. Abdulmajidi alishampa masharti tangu nyumbani: mama, tukifika kule wewe na yule mwanamke hamjuani.

"Marahaba," Mboni akajibu. "Watoto wameamkaje?"

"Salama, mama. Rahma alikuwa na kikohozi, kimepungua."

"Usimwache acheze kwenye upepo."

"Mama!" Abdulmajidi alisema akiwa ameyakaza meno.

"Nini? Nimepokea salamu. Au salamu nayo imekatiwa rufaa?"

Watu wawili watatu walicheka. Abdulmajidi hakucheka. Alikuwa amevaa kanzu nyeupe iliyopigwa pasi ikakaa kama karatasi, na kila mara alitazama kule mlangoni ambako wakili wake, Bwana Paskali, alikuwa akivuta sigara. Wakili huyo alitoka Dodoma. Kule Mahakama ya Mwanzo mawakili hawaruhusiwi, kwa hiyo Abdulmajidi alijisemea mwenyewe na akashinda. Huku juu alisema hataki kubahatisha.

Kesi yenyewe watu wa Majengo, mtaani kwao, waliijua yote. Abdulmajidi alianza na meza ya kuuzia sabuni na viberiti. Biashara zilipofunguliwa na watu binafsi wakaruhusiwa kuleta mali, naye akaanza kwenda Dar es Salaam kufuata bidhaa, na mambo yakamnyookea. Akajenga nyumba ya vyumba sita yenye fremu mbili za duka zinazotazama barabara. Miaka yote hiyo Rukaya alikuwa mkewe. Alipika chakula cha mafundi, alibeba maji ya kumwagilia matofali akiwa na mimba, alizaa, alilea, na Mboni alipovunjika nyonga ni yeye aliyemwogesha. Kisha Abdulmajidi akaoa mke wa pili kutoka Manyoni, akamwambia Rukaya ahamie chumba cha uani. Rukaya akakataa, maneno yakazidi, talaka ikatoka. Akaenda kukaa kwa kaka yake Utemini na watoto, akafungua madai ya sehemu yake katika nyumba.

Mahakama ya Mwanzo ilimpa godoro, sufuria na kitoka nyumba, vijisenti vya kumwaga mke aliyeachwa. Hakimu wa pale na wazee wake wawili walisema kwamba kupika, kufua na kulea ni wajibu wa mke, na malipo yake ni kulishwa na kuvishwa. Nyumba ni ya mume. Rukaya akakata rufaa, na ndiyo iliyowaleta hapa.

Mboni hakuwa na wasiwasi sana asubuhi ile. Alikuja kwa sababu mwanawe alimtaka aje, aonekane yuko upande wake. Aliona kazi yake ni kukaa tu, na kukaa anaweza.

Waliitwa ndani. Hakimu Mughwai alikuwa mtu mfupi, mwenye sura ya kuumwa jino, na mjini ilisemwa kwamba hapendi kesi za wanawake wanaodai nyumba. Mtu mmoja barazani alikuwa ameapa kwamba Rukaya ameula wa chuya. Hakimu alimtaka mrufani aseme hoja yake. Rukaya akasimama peke yake, bila wakili, mikono ameikamata mbele ya tumbo.

"Mheshimiwa, Mahakama ya Rufani ilishaamua. Alikuwepo mwanamke mmoja, naye alinyimwa kama mimi nilivyonyimwa. Kesi ikapanda mpaka juu kabisa. Majaji watatu wakasema kazi za mke nyumbani ni mchango katika mali ya ndoa, hata kama hakuleta senti. Mahakama ya Mwanzo imekwenda kinyume na mahakama ya juu yake."

"Hiyo hukumu umeisoma wewe mwenyewe?"

"Ni ya Kiingereza, Mheshimiwa. Mama Febronia wa Maendeleo ya Jamii alitutafsiria kwenye semina ya akina mama. Ile sehemu inayohusu kazi za nyumbani."

Hakimu akaandika. Mboni alimtazama mwanawe kwa pembe ya jicho, akaona jasho limeanza kutoka juu ya mdomo. Kumbe jambo lenyewe lilikuwa na uzito. Kumbe watu wa huko juu walishasema.

Bwana Paskali akainuka taratibu, kama mtu aliyeshiba.

"Mheshimiwa, hatubishani na mrufani. Hukumu hiyo ipo, inaifunga mahakama hii, na inanifunga hata mimi. Tunakubali kwamba Mahakama ya Mwanzo ilikosea kusema kazi za nyumbani si kitu."

Ukumbi ukanong'ona. Rukaya aliinua uso kwa furaha ya ghafla. Abdulmajidi yeye alikuwa ametulia, na hapo ndipo Mboni aliposhtuka, kwa maana anamjua mwanawe. Anapotulia wakati anapigwa, ana kitu mkononi.

"Ila tunaomba hukumu hiyo isomwe mpaka mwisho," Paskali akaendelea. "Mwanamke yule aliambiwa kwamba kazi zake ni mchango, ndiyo. Lakini hakupewa nyumba. Kwa nini? Kwa sababu mumewe alikuwa amempa fedha za kuendesha mradi kwa faida ya familia, naye akazitapanya. Majaji walisema alichokuwa anastahili alishakipokea na akakiharibu mwenyewe. Sasa, Mheshimiwa, tufungue kumbukumbu za Mahakama ya Mwanzo. Mteja wangu anasema pale: nilimwachia mke wangu mabelo mawili ya mitumba auze, niliporudi sikukuta belo wala fedha. Maneno hayo hayakujibiwa. Mambo ni yaleyale, na jibu liwe lilelile. Rufaa itupwe."

Akakaa. Alikaa vizuri, akavuta suruali magotini isijikunje.

"Hawakuniuliza," Rukaya alisema. "Mheshimiwa, kule hawakuniuliza mabelo yalikwenda wapi. Walisema nyumba si yangu tu, basi, wakafunga."

"Ungeyasema mwenyewe," Paskali alisema bila kuinuka.

"Nilijuaje kama yana maana?"

Hakimu Mughwai aliifunua hukumu ya juu, akasoma kurasa za mwisho polepole, kalamu ikimsindikiza pembeni mwa mistari. Kisha akafunua yale majalada yaliyoandikwa kwa mkono kutoka Mahakama ya Mwanzo, akarudia mahali pamoja mara mbili.

"Wakili yuko sahihi kwamba hukumu hii ina sehemu mbili," alisema. "Na mrufani yuko sahihi kwamba hakuulizwa. Kwa kawaida rufaa inaamuliwa kwa yale yaliyoandikwa chini, hatuanzi kesi upya. Lakini nina uwezo wa kuchukua ushahidi wa ziada pale haki isipoweza kuonekana bila huo. Siwezi kusema mwanamke huyu alitapanya mali wala kwamba hakutapanya, bila kujua mabelo yalikwenda wapi. Wakati huo nani mwingine alikuwa akiishi katika nyumba ile?"

Rukaya hakugeuka. Aliitazama sakafu, na Mboni alielewa kwamba mkwewe anajizuia makusudi asimtaje.

"Mama wa mjibu rufaa," karani alisema, akisoma kwenye jalada. "Mboni binti Kombo."

"Yupo?"

Vichwa vyote viligeuka.

"Atasikilizwa baada ya chakula cha mchana," hakimu akasema. "Tukirudi atapanda kizimbani moja kwa moja."

Paskali akapinga. Pingamizi likaandikwa, likakataliwa.

Nje, Abdulmajidi alimpeleka mama yake nyuma ya jengo, mahali ambapo pikapu yake ilikuwa imeegeshwa karibu na jiwe kubwa. Alimnunulia chai ya maziwa na chapati, akampa kwa mikono miwili kama anavyofanya siku zote. Hajawahi kumpa mama yake kitu kwa mkono mmoja. Mboni aliipokea chai, hakuinywa.

"Mama, jambo lenyewe ni dogo sana. Utasema mwaka ule ulikuwa mgonjwa. Si ni kweli ulikuwa mgonjwa? Hukuona mabelo yalikokwenda. Basi, unashuka."

"Nilikuwa mgonjwa kabla ya mabelo. Mabelo yalipokuja nilishaanza kutembea."

"Nani anajua?"

"Mimi."

Abdulmajidi alivua kofia, akajipangusa kichwa. "Nyumba ile nimeijenga kwa usingizi wangu. Nimelala kwenye ghala za watu Kariakoo, juu ya magunia, panya wakinipita usoni. Leo nimkatie mtu kipande kwa sababu alipika ugali? Kila mtu anapika ugali."

"Wewe hupiki."

"Mama, sitanii." Alishusha sauti, akahamia Kinyaturu, lugha ambayo huitumia anapotaka jambo libaki baina yao wawili. Alimkumbusha nani aliyemtoa kijijini Sepuka alipofiwa na mume na mashemeji wakamnyang'anya shamba. Alimkumbusha chumba alichomjengea, chenye sakafu ya saruji na dirisha la upande wa jua kwa ajili ya nyonga yake. Akamaliza kwa Kiswahili, waziwazi: "Ukisimama pale ukanimaliza, mimi sitakupiga wala kukutukana. Lakini sijui tutakaaje nyumba moja. Labda ni heri urudi Sepuka ukapumzike."

Hakusema kwa ukali, na ukali angeuweza. Mboni alimlea mtoto huyu peke yake baba yake alipokuwa safarini, na matusi yake ya utotoni anayakumbuka yote. Huu utulivu ndio uliomtia baridi. Sepuka hakuna mtu. Kuna ukuta mmoja uliobaki na watoto wa mashemeji, ambao hata jina lake hawalitaji vizuri.

"Chai imepoa," alisema, akamrudishia kikombe kikiwa kimejaa.

Alipoitwa kizimbani alipanda kwa shida, karani akamshika kiwiko. Akashika Msahafu, akaapa. Hakimu alimwuliza kwa upole kama anaona vizuri na kama anasikia.

"Naona na nasikia, mwanangu. Uliza."

Ukumbi ulicheka kidogo. Hakimu hakukasirika.

"Mwaka ambao mwanao aliacha mabelo mawili ya mitumba nyumbani, ulikuwepo?"

Hapo ndipo mahali penyewe. Abdulmajidi alikuwa amemkazia macho, na shingo yake ilikuwa imesimama kama ya mtu anayengoja kuchomwa sindano. Mboni aliona jinsi sentensi ya uongo ilivyokuwa fupi na nyepesi. Nilikuwa mgonjwa. Maneno mawili, kisha nyumbani, kwenye dirisha la jua.

"Nilikuwepo," alisema. "Na nilikwenda naye."

"Kwenda wapi?"

"Iguguno. Mwaka ule mvua ilikatika mapema. Mtama ulikauka ukiwa magotini, uwele ukaliwa na ndege kabla ya watu. Sokoni hapa Singida debe halishikiki. Majidi alikuwa Dar es Salaam, mali yake imekwama bandarini, miezi mingi. Nyumbani tulikuwa na wanawe, na watoto wa ndugu zake walioletwa kwa sababu kwao kulikuwa kubaya zaidi. Watu kumi na mmoja. Rukaya aliyatazama yale mabelo wiki nzima, hataki kuyagusa, anasema mume wangu kaniachia niuze kwa fedha. Mimi ndiye niliyemwambia afungue."

"Wewe?"

"Mimi. Nilimwambia nguo hazitafunwi. Tukazibeba kwa lori la mtu wa alizeti mpaka Iguguno, kwa watu waliokuwa na akiba ya zamani. Fedha hawakutaka, fedha ingewasaidia nini? Walitaka nguo. Koti la mwanaume kwa debe la mtama, nguo za watoto kwa vibaba. Tulikwenda tukarudi, tukaenda tena, mpaka belo la pili likaisha. Mvua zilipokuja watu wote kumi na mmoja walikuwa hai."

Bwana Paskali alisimama kumhoji. Alianza na heshima.

"Shikamoo mama."

"Marahaba."

"Mama, mwanao hakutuma chochote kipindi hicho?"

"Alituma salamu."

"Salamu tu?"

"Salamu. Nzuri, za mara kwa mara. Tatizo mashine haisagi salamu."

Kicheko kilipasuka, hakimu akagonga meza. Abdulmajidi aliinamisha kichwa, na kicheko kile kikamchoma Mboni mwenyewe kuliko alivyotegemea. Akaongeza haraka, "Naye hakuwa anastarehe huko, niseme ukweli. Alikuwa analala juu ya magunia ya watu. Hakuwa na cha kutuma."

Paskali akaona mwanya. "Kwa hiyo unasema kila nguo, kila moja, iliingia tumboni mwa familia? Rukaya hakujiwekea hata kipande?"

Rukaya alifumba macho.

"Alijiwekea gauni," Mboni alisema. "La kijani. Nililiona."

"Ahaa! Kwa hiyo alijinufaisha na mali ya mradi!"

"Gauni moja katika mabelo mawili, bwana. Lake lilikuwa limechanika mgongoni, anabeba magunia nalo. Na wewe hiyo suti yako, mbona kama ninaijua? Haikutoka kwenye belo?"

Safari hii hata karani aliweka kalamu chini. Paskali alitabasamu kwa taabu, akasema hana swali zaidi.

Hukumu ilipangwa kusomwa baada ya wiki mbili. Wiki hizo Mboni alizikalia kama mtu aliyekalia jiko. Abdulmajidi hakumfukuza. Alimletea chakula kwa mikono miwili kama kawaida, akakiweka, akatoka. Mke wa Manyoni alipita uani akijifanya anatafuta ndoo. Mboni alifunga nguo zake kwenye kanga mapema kabisa. Hakutaka siku ikifika aanze kuhangaika mbele ya watu. Alikuwa mtu wa kujiandaa, na alimwambia mke wa Manyoni hivyo alipomkuta akichungulia: "Njoo tu unisaidie kukaza fundo, usisimame mlangoni."

Siku ya hukumu ukumbi ulijaa mpaka madirishani. Hakimu Mughwai alisoma kwa sauti ileile ya mtu anayeumwa jino.

"Mrufani alileta hukumu ya Mahakama ya Rufani akashika nusu anayoipenda. Mjibu rufaa akaishika hukumu hiyohiyo kwa nusu anayoipenda yeye. Mahakama hii haina ruhusa ya kuchagua nusu. Mimi mwenyewe, kabla hukumu ile haijatoka, nilikuwa na fikra nyingine juu ya kazi za nyumbani, na walionisikia nikizisema wako humu. Fikra zangu si sheria. Zinaishia pale Mahakama ya Rufani inapoanza kusema, na Mahakama ya Mwanzo nayo ilipaswa kuishia hapohapo."

Mboni alijishika goti. Hakujua anaomba nini. Rukaya akishinda, yeye ana fundo la nguo nyumbani. Rukaya akishindwa, yeye aliapa bure na fundo liko palepale.

"Kwa nusu ya kwanza, kazi za mrufani ni mchango. Hilo halina mjadala tena. Kwa nusu ya pili, mwanamke wa kesi ile alipewa mtaji akautapanya. Nimejiuliza kama huyu ni sawa na yule. Mali aliyoachiwa ilikuwa ya faida ya familia. Ilikwenda kuilisha familia, wakiwemo mama wa mjibu rufaa na watoto wa ndugu zake. Kulisha watu wa mume wakati wa njaa si kutapanya. Mambo yanapotofautiana hivyo, nusu ile ya pili haimkamati. Gauni moja halibadilishi hesabu. Rufaa inakubaliwa. Mrufani atapata theluthi moja ya nyumba, kwa fremu moja na vyumba viwili vya upande wake, au thamani yake mjibu rufaa akipenda kumlipa. Asiyeridhika ana haki ya kwenda Mahakama Kuu."

Rukaya hakupiga kelele. Alikaa chini, pale sakafuni, akajifunika uso kwa ushungi.

Nje, Abdulmajidi alimbana wakili wake ukutani. "Twende Dodoma. Kesho."

"Twende ukitaka," Paskali alisema, akitafuta kiberiti. "Nitapokea kesi yako. Lakini nikuambie kabisa, jaji wa Dodoma naye yuko chini ya Mahakama ya Rufani. Atasoma hukumu ileile. Nilichokuwa nacho ni yale mabelo tu, na mabelo yameshasemewa kwa kiapo."

Abdulmajidi alimwachia. Rukaya alikuwa anamkaribia Mboni, akitaka kupiga goti, Mboni akamzuia kwa kiganja.

"Usinishukuru. Sikukusemea wewe. Niliulizwa, nikajibu. Nenda kamwangalie Rahma."

"Ndiyo, mama."

Uwanja ukaanza kupungua watu. Abdulmajidi alifungua mlango wa pikapu, upande wa abiria, akasimama ameushika. Hakusema ingia. Mboni alivuka uwanja ule wa changarawe taratibu kwa nyonga yake mbovu, akijua kwamba kutoka hapo barabara inagawanyika mara mbili, moja ya Majengo na nyingine ya stendi ya mabasi yanayokwenda Sepuka. Akapanda. Mlango ukafungwa.

Mwanawe alikaa nyuma ya usukani, hakuwasha gari.

"Hamkuniambia," alisema. "Watu kumi na mmoja. Mpaka watoto wa ndugu yangu Rahimu. Hakuna aliyeniambia."

"Ulirudi ukauliza mabelo," Mboni alisema. "Ungeuliza watu, tungekuambia."

Abdulmajidi alitazama mbele. Akawasha gari, akalirudisha nyuma kwa fujo mpaka changarawe zikaruka, akatoka getini. Mboni alishika mshikio wa mlango na kujiandaa. Kwenye njia panda gari likapunguza mwendo, likasimama kabisa, lori la nyuma likapiga honi, kisha honi tena.

"Umeniua mbele ya watu, mama," Abdulmajidi alisema.

Akakata kona ya Majengo.